Simulesheni imegoma? Kagua modeli kwanza kabla hujaformat mashine

Wakuu, hii naiandika kwa ajili ya vijana wetu wa Arusha na Moshi walioko kwenye gereji na karakana. Unaambiwa chora keria (ile fremu ya mizigo ya juu ya paa) ya Land Cruiser ya watalii uone kama itabeba, unaingiza kwenye PrePoMax au Ansys au Abaqus, zile programu za kupima uimara wa kitu kwa hesabu, programu inagoma, basi unatuma picha ya skrini iliyopigwa kiupande na swali ni lile lile, "braza, RAM yangu haitoshi eti?" Mara nyingi RAM haina shida yoyote. Kuna jamaa aliuza desktop yake nzuri tu, akaongeza hela akanunua nyingine, eror ikamfuata hadi kwenye mashine mpya maana ilikuwa ndani ya faili lake mwenyewe.

Kwahiyo kabla hujagusa kitu fanya hivi, endesha kazi ile ile mara mbili bila kubadilisha chochote. Ikikata sehemu ile ile, elementi ile ile (kimoja cha vile vipande vidogo ambavyo programu inagawa modeli yako), mesiji ile ile, ujue tatizo liko kwenye modeli na hata ukiipeleka kwenye kompyuta ya milioni kumi itakata hapo hapo. Ikikata mara huku mara kule, leo dakika ya tatu kesho dakika ya ishirini, hapo ndo uanze kushuku mashine. Tofauti ndogo za tarakimu za mwisho mwisho zisikutishe, prosesa zikigawana kazi hiyo ni kawaida.

Kitu kingine, kile kidirisha chekundu sio mesiji yenyewe, ni muhtasari tu. Maelezo yapo kwenye folda ya kazi. CalculiX, ambayo ndo solva (injini ya kupiga hesabu) iliyo ndani ya PrePoMax, inaandika faili za .sta na .cvg, Abaqus ina .msg na .dat, Ansys ina solve.out. Zifungue kwa Notepad, usikimbilie mstari wa mwisho, anza na onyo la kwanza kabisa maana yale ya chini mara nyingi ni watoto wa lile la juu.

Inakata mapema, au majibu yanasema kitu kimeruka kilomita

Hili ndo tatizo namba moja. Abaqus itakuambia "zero pivot" au "numerical singularity", Ansys itasema kuna kikomo cha ndani kimepitwa uangalie sapoti zako, CalculiX yenyewe mara nyingi inanyamaza inakupa tu namba za ajabu au NaN, yaani "sio namba". Maana yake zote ni moja, kuna kipande kwenye modeli yako hakijashikwa na chochote, ukikisukuma kinaenda hakirudi, na solva haiwezi kupiga hesabu ya kitu kinachoelea.

Utasema lakini mbona nimefiksi miguu yote minne. Sawa, umefiksi miguu, ila keria ina vipande vingi vya skwea paipu ulivyochora kila kimoja peke yake, na kwenye skrini vinaonekana vimegusana kumbe kwa programu ni vipande vya jirani tu. Kugusana kwa macho sio kuunganishwa. Unatakiwa uviunganishe kuwa mwili mmoja kule kwenye mchoro kabla ya kuweka meshi (ule mgawanyo wa elementi), au uweke muunganiko wa kubandika kati ya uso na uso. Na hata ukiweka, angalia nafasi, mana kama fundi alichora paipu moja ikaishia milimita 0.3 kabla ya nyingine na wewe umeweka uvumilivu wa 0.1, ile weldi yako haipo.

Kukipata kipande kinachoelea kuna njia nzuri kuliko kukodoa macho. Badilisha aina ya uchambuzi, weka wa mitetemo ya asili, omba modi (namna za kutetemeka) kama 20 za kwanza, densiti uwe umeweka. Mwili mmoja usioshikwa kabisa unatoa modi 6 zenye hertz sifuri au karibu na sifuri, tatu za kwenda na tatu za kuzunguka. Keria iliyofiksiwa vizuri haitakiwi kuwa na hata moja. Ukikuta zipo, ichezeshe hiyo modi kwenye skrini, utaona kipande kimoja kinaondoka peke yake wengine wamekaa kimya. Huyo ndo mwenyewe. Kama solva inagoma hata kwenye mitetemo, weka springi laini sana kila kipande, kisha endesha tena hesabu ya kawaida uone nani anasafiri mbali.

Kuna wanaokata tamaa wanafiksi kila kitu ili tu iende. Tafadhali usifanye hivyo. Itaenda kweli, picha itakuwa nzuri ya rangi rangi, na itakuwa ya uongo, na juu ya ile keria kuna mizigo na chini yake kuna watu wamekaa.

Imeenda vizuri lakini namba hazieleweki

Vipimo. Programu nyingi hasa za familia ya Abaqus na CalculiX hazijui kilo wala mita, zinajua namba tu, wewe ndo unatakiwa uhakikishe zinaendana. Kama umechora kwa milimita na nguvu unaweka kwa niutoni, basi stresi (nguvu inayobebwa na kila eneo la chuma) inatoka kwa megapaskali na uzito lazima uwe kwa tani. Chuma kinakuwa hivi: ugumu 210000, densiti 7.85e-9, mvutano wa dunia 9810. Mtu anaweka densiti 7850 kama ilivyo kwenye kitabu, matokeo yake uzito wa keria unakuwa mkubwa mara trilioni moja, na mitetemo inashuka mara milioni moja, anashangaa keria inatetemeka mara moja kwa masaa kadhaa.

Dawa yake rahisi na wengi hawaitumii, ni kujumlisha nguvu kwenye sapoti. Weka uzito wake peke yake bila mzigo, kisha omba jumla ya nguvu zinazorudi kwenye miguu. Keria ya kilo 60 lazima irudishe karibu niutoni 590. Ikirudisha namba nyingine yoyote usiendelee hata hatua moja, rudi kwenye vipimo. Ukishaweka mzigo rudia tena, mzigo wa kilo 150 uongeze karibu 1470 juu ya hapo. Ni dakika mbili tu na inakamata makosa kuliko kitu kingine chochote ninachokijua.

Halafu kuna hili la mashine za mtumba kutoka Ulaya. Desktop imekuja na Windows ya Kijerumani, mtu kabadilisha lugha lakini mipangilio ya eneo imebaki vile vile, mkato ndo unatumika badala ya nukta kwenye desimali. Unaandika 7.85 programu inasoma 785 au inakataa kabisa. Nenda kwenye mipangilio ya eneo weka nukta, fungua programu upya. Na folda ya kazi iite jina fupi, bila nafasi, kwa mfano C:\kazi\keria1, usiweke kwenye folda zinazojisawazisha na mtandao mana zinalishika faili wakati solva inataka kuandika.

Inapinda kidogo kuliko hesabu ya mkono

Hapa nakaa kidogo kwa sababu ndo panapoumiza kimya kimya, hamna eror, hamna onyo, majibu tu yanakudanganya upande mbaya.

Chukua skwea paipu ya 25 kwa 25, unene milimita 2, urefu mita 1.2, imelala juu ya sapoti mbili, katikati weka niutoni 300, yaani kama kilo 30 hivi. Kwa karatasi: momenti ya eneo ni 25 kwa nguvu ya nne toa 21 kwa nguvu ya nne gawa kwa 12, unapata 16345. Kupinda ni PL³ gawa kwa 48EI (P nguvu, L urefu, E ugumu wa chuma, I ile momenti), inatoka milimita 3.15. Stresi katikati inatoka karibu megapaskali 69. Sasa ichore hiyo paipu moja tu kwenye programu, weka meshi ile ile unayotumia kwenye keria nzima, angalia. Ukipata 3.1 au 3.2 tulia. Ukipata milimita 1 na kitu, elementi zako ni ngumu kupita kiasi.

Sababu kubwa ni tetra (elementi za umbo la piramidi ya pande nne) za daraja la kwanza, zile za nodi (pointi) 4. Programu nyingi zinakubali kuziweka kwa sababu zinatengenezeka haraka, lakini kwenye kupinda zinakakamaa, stresi inatoka ndogo kuliko ukweli, na wewe unaenda kumwambia bosi keria iko salama. Badilisha ziwe za daraja la pili, nodi 10, kwenye CalculiX zinaitwa C3D10. Kwa paipu yenye ukuta wa milimita 2 hata hizo sio chaguo zuri, ukuta mwembamba unataka elementi za sheli (za bati jembamba) au za boriti kabisa, unachora mstari wa katikati unaipa umbo la paipu. Keria nzima ya boriti inaisha kwa sekunde chache kwenye laptop ya kawaida, na yule aliyekuwa analalamikia RAM anakuwa hana tena cha kulalamikia.

Kama mesiji inasema "nonpositive jacobian determinant" na namba ya elementi, hiyo elementi imejikunja imegeuka ndani nje, mara nyingi kwenye kona yenye duara dogo. Tafuta namba hiyo, punguza saizi ya meshi hapo tu, au ondoa zile duara za mapambo ambazo hazibebi kitu. Imeisha.

Kila nikiongeza meshi stresi inapanda

Umeweka meshi ya milimita 5 ukapata 180, ya milimita 2 ukapata 260, ya milimita 1 ukapata 390, na haionyeshi dalili ya kusimama. Usiongeze tena. Kwenye kona kali ya ndani, isiyo na duara, hesabu ya elastiki inasema stresi ni isiyo na mwisho, kwahiyo kila ukisogea karibu inapanda, itapanda mpaka umeme ukatike. Angalia kupinda badala yake, ukikuta kupinda kumetulia kati ya meshi ya pili na ya tatu basi modeli iko sawa, ni ile pointi moja tu usiisome.

Lakini kwenye keria, ile kona ndo weldi, na weldi ndo panapopasuka, hasa kwa magari yanayopiga ile barabara ya vumbi kutoka Ngorongoro kuteremka Naabi, lango la Serengeti, yenye mawimbi yanayotikisa kila kitu. Huwezi kuipuuza. Wanaopiga hesabu za uchovu wa weldi (kupasuka kwa kutikiswa mara nyingi) wana njia yao: unasoma stresi kwenye uso wa bati kwa umbali wa 0.4 ya unene kutoka ukingo wa weldi, na tena kwa umbali sawa na unene wenyewe, kisha unachukua 1.67 mara ya kwanza toa 0.67 mara ya pili. Kwa bati la milimita 5 ni pointi ya milimita 2 na ya milimita 5. Namba hiyo haipandi hovyo na meshi, na ndo unayolinganisha na chati ya uchovu, sio ile nyekundu ya kwenye kona.

Upande wa joto

Mfano wangu hapa ni pipa la kukaangia kahawa, maana huku kwetu kila mtu ana mjomba anayetaka kutengenezewa. Pipa la mita 1 na shafti yake, linapanda nyuzi 200 juu ya hali ya hewa. Dalili ya kwanza watu wanaleta ni stresi za kutisha, megapaskali 500 na kitu. Hapo programu inasema kweli ila modeli imekosea: umefiksi beringi zote mbili kwa urefu. Piga mkono, 210000 mara 1.2e-5 mara 200 unapata 504, wakati chuma cha kawaida cha dukani kinaanza kukubali (kupinda bila kurudi) karibu na 250. Ukiiachia ncha moja iteleze, chuma kinarefuka tu milimita 2.4 na ile stresi inaondoka karibu yote. Na hii isikaage kwenye kompyuta tu, hata kwenye pipa la kweli beringi moja lazima iachiwe nafasi ya kuteleza.

Dalili ya pili, kuna stresi hata kabla hujawasha moto. Hukuweka joto la kuanzia, programu imechukua sifuri, na wewe umesema mazingira ni 25, kwahiyo kitu kilichobanwa kinaanza na megapaskali 63 za bure. Weka joto la kuanzia kwa modeli nzima.

Ya tatu, joto halivuki kutoka kipande kimoja kwenda kingine, upande mmoja umeiva mwingine baridi kabisa. Ni lile lile la vipande visivyoungana, tena kwenye joto ni baya zaidi mana hesabu haigomi, inakuchorea tu mpaka mkali wa rangi mbili. Ukiona mpaka kama umekatwa na kisu, angalia kontakti (mgusano wa vipande).

Ya nne inawachanganya sana: unapasha moto upande mmoja, na nodi za jirani zinashuka chini ya joto la kuanzia kabla ya kupanda. Kitu hakiwezi kupoa kwa kupashwa moto. Hapo hatua ya muda ni ndogo mno kwa meshi ya ukubwa ule. Kwa elementi za daraja la pili kanuni ni hatua isiwe chini ya densiti mara joto maalumu mara urefu wa elementi kipeo cha pili, gawa kwa mara 6 ya upitishaji joto. Chuma, 7850, 460, 50 (kwa kilo na mita), elementi ya milimita 10 yaani mita 0.01, inatoka karibu sekunde 1.2. Kwahiyo ukitaka hatua ya sekunde 0.1 lazima upunguze elementi karibu na uso unaopashwa, uziache kubwa huko ndani. Kwa matofali ya tanuri, ambayo joto linapita polepole, hatua hiyo inakuwa ndefu zaidi sana, piga upya usibebe ya chuma.

Ya mwisho ni vipimo tena. Kwa mfumo wa milimita na tani, upitishaji wa chuma unabaki 50, joto maalumu la 460 linakuwa 4.6e8, na kipoozi cha hewa cha wati 10 kwa mita ya mraba kwa kila nyuzi kinakuwa 0.01. Mtu akiacha 10 pipa linapoa kama limetumbukizwa kwenye maji yanayochemka kwa nguvu. Mionzi ya joto inahesabiwa kwa kelvini, kwahiyo kama unatumia selsiasi iambie programu sifuri halisi ni minus 273.15, na ile konstanti ya Stefan na Boltzmann weka 5.67e-11 sio e-8. Halafu kumbuka tuko juu, Arusha mjini ni karibu mita 1400 kutoka usawa wa bahari, hewa ni nyepesi kwa asilimia 15 hivi kuliko Dar, inapoza kidogo pungufu, namba ya kwenye kitabu ipunguze kidogo.

Haikonvaji

Yaani solva inarudia rudia hesabu bila kufika kwenye jibu. Kwa kontakti na chuma kinachokubali, punguza hatua ya kwanza iwe asilimia moja ya mzigo, anza bila msuguano, kisha ongeza kimoja kimoja. Ukiongeza vyote kwa mpigo hutajua nani kaharibu. Kama inakata kwenye asilimia ile ile ya mzigo kila mara, na kupinda kunaongezeka kwa kasi, inawezekana sio kosa, kitu chako ndo kimevunjika kweli kwenye hesabu.

Sasa mashine yenyewe

Ukishajiridhisha eror inahama, fungua Task Manager wakati solva inafanya kazi. Prosesa ikiwa asilimia 5 na diski imejaa 100, RAM imeisha na Windows inaazima diski, hapo kazi ya dakika kumi inaweza kuchukua usiku mzima. Ukipunguza saizi ya meshi nusu kwenye kitu kizima unapata nodi mara 8, na solva ya moja kwa moja inataka kumbukumbu karibu mara 16. Kwahiyo kabla ya kununua RAM tumia ulinganifu, kata modeli nusu au robo, au weka meshi ndogo sehemu inayohitaji tu. Ukinunua, nunua RAM na SSD, kadi kubwa ya picha haitakusaidia CalculiX ya kawaida.

Prosesa ikiwa inatumia koa (kiini) moja tu wakati una koa 8, kwenye CalculiX ni ile OMP_NUM_THREADS (mpangilio wa idadi ya koa za kutumia) haijawekwa, PrePoMax ina sehemu yake kwenye mipangilio. Ikianza kwa kasi kisha inapungua baada ya dakika chache na feni inalia, ni vumbi. Kiangazi chetu kinajaza feni haraka sana, fungua upulize, badilisha ile pasta ya prosesa. Skrini nyeusi au modeli haionekani huku hesabu zinaenda ni draiva ya picha, na kwenye laptop yenye kadi mbili iambie Windows programu hiyo itumie ile kubwa. Faili zinazoharibika bila mpangilio, endesha jaribio la RAM usiku mzima.

Umeme ukikatika katikati ya kazi ya masaa sita inauma. UPS ndogo inakupa dakika za kuzima vizuri tu, kwahiyo kwa kazi ndefu washa faili la kuanzia tena ili uendelee pale ulipoishia, na matokeo yasihifadhiwe kila hatua mana diski itajaa usiku na hiyo nayo itakata kazi. Programu za kuvunjwa leseni ziache kabisa, zinakuja na virusi na zinakata hovyo hujui ni modeli au ni wao, wakati PrePoMax na CalculiX ni bure na Ansys ina toleo la wanafunzi, lenye kikomo cha ukubwa lakini keria ya boriti inaingia bila shida.

Ukikwama bado, usitume picha ya skrini. Tuma faili la kuingizia, lile la .inp, faili la mesiji lote, toleo la programu, vipimo ulivyotumia, jumla ya nguvu kwenye sapoti, na ile hesabu yako ya mkono hata kama unadhani imekosewa.